Jasho jekundu la viboko wa Ruaha

Tulitoka Iringa mjini alfajiri na baridi lile mnalolijua, tukapita Kalenga, baada ya hapo ni vumbi tu mpaka Tungamalenga, na huko chini joto lilishaanza kuchoma, masweta yote yakaishia kwenye begi. Sitawachosha na barabara maana mi kilichonipeleka hifadhini ni viboko.

Aisee mto Ruaha Mkuu kiangazi unatia huruma, maji yamebaki madimbwi madimbwi na viboko wamebanana humo, wanakunya humo humo, wanapigana humo humo. Dume moja lilikuwa limetoka limesimama mchangani, mgongo na uso vinang'aa wekundu kabisa. Mama mmoja tuliyekuwa nae kwenye gari akashtuka, jamani yule kaumia anatoka damu! Mwongoza watalii wetu akamwambia hapana mama, hiyo sio damu, ndo jasho lake.

Na kiukweli hata kusema jasho ni kwa mazoea tu, ni ute mzito unaotoka kwenye tezi zilizo chini ya ngozi, sio kama hizi zetu. Ukitoka hauna rangi, zikipita dakika chache unageuka mwekundu, baadae unakuwa wa kahawia na kukauka. Mwaka 2004 wanasayansi wa Japani walichapisha kwenye jarida la Nature kwamba wamezitenganisha rangi zenyewe, ziko mbili, nyekundu inaitwa asidi ya hiposudoriki na ya chungwa asidi ya norhiposudoriki, zote zinafyonza mionzi ya jua isimuunguze, na ile nyekundu inazuia bakteria wasizaliane. Sasa angalia yale madimbwi, mavi, matope na majeraha ya meno, alafu fikiria mnyama mwenye ngozi isiyo na manyoya anakaa humo miezi, yani dawa na mafuta ya jua anajitengenezea mwenyewe mwilini! Nilikaa nikimtazama yule dume mpaka wenzangu wakaanza kulalamika njaa.

Ila kitu kimoja huo ute hauwezi, hauwezi kumpa maji. Ngozi ya kiboko inapoteza maji haraka sana ndo maana mchana kutwa anajizamisha, na huu mto zamani haukuwa hivi, umeanza kukauka kabisa vipindi vya kiangazi toka 1993 kwa sababu maji yanachepushwa huko juu bonde la Usangu kwenye mashamba. Mchele wa Mbarali tunaupenda wote, sisemi watu wasilime, nasema maji mengine lazima yaachwe yateremke mpaka hifadhini, na hilo linatuhusu sisi wa Mbeya na Iringa kabla ya mtu mwingine yeyote.

Anaetaka kuwaona aende kati ya Julai na Oktoba, abebe darubini, asubuhi wakiwa nje wanaota jua, na aangalie usoni na mgongoni.