Uhamisho wa ghafla: kabla hujakimbilia mahakamani soma hii

Jana usiku dada mmoja niliyewahi kufanya naye kazi halmashauri kanitumia picha ya barua yake ya uhamisho. Mistari minne tu: "kwa maslahi ya utumishi" unahamishwa, ripoti ndani ya siku saba, sahihi, muhuri, basi. Wiki mbili hazijapita tangu akatae kusaini hati ya malipo ya kazi ambayo haijafanyika. Ananiuliza nikienda mahakamani ntashinda? Imeniuma sana, nikalala saa nane nafikiria.

Nianze na gumu lake. Mahakama nyingi hazipendi kuingilia uhamisho wa mtumishi wa umma, zinaona mwajiri ndo anajua wapi kuna upungufu. Ukienda na hoja kwamba ni mbali, watoto wanasoma, mama mgonjwa, hakimu anaweza kukuonea huruma na kesi ukapoteza vilevile. Kinachotazamwa ni nani kasaini, utaratibu umefuatwa, na nia ilikuwa nini.

Hilo la sahihi watu wanalipuuza kweli. Serikali za mitaa zina hii shida, kada moja mwajiri wake ni halmashauri, nyingine iko chini ya tume au wizara, sasa bosi mwenye mamlaka ya kukutoa idara hii kwenda ile si lazima awe na mamlaka ya kukupeleka halmashauri nyingine. Kama hana, barua inaanguka hata angekuwa na sababu nzuri namna gani. Kwa hiyo sheria ya utumishi inayokuhusu isome mwenyewe, usitegemee maneno ya korido.

Nia ndo ngumu kuthibitisha ila inawezekana. Mwishoni mwa 2008 Mahakama ya Juu ya India ilifuta uhamisho wa mtumishi mmoja aliyetolewa Bhopal kupelekwa Shillong, chanzo barua ya malalamiko isiyo na jina, na uchunguzi haukuthibitisha kitu. Majaji walisema uhamisho ukitumika badala ya adhabu ni haramu. Yaani kama mtu ana kosa mfungulie mashtaka ya nidhamu ajitetee, usimfukuzie mbali kimyakimya! Na kuna ile ya Uingereza ya 1989, karani wa benki Leeds, mkataba wake unaruhusu kabisa kuhamishwa popote nchini, kaambiwa aende Birmingham ndani ya siku chache huku mkewe anaumwa, kaomba muda kanyimwa, akaacha kazi na akashinda, maana hata haki ya kuhamisha haitumiki bila notisi ya kueleweka. Huyo ni wa benki lakini ile hoja ya notisi wakili mzuri anaweza kuibeba.

Sasa kosa ninaloliona kila mara ni mtu kugoma kuripoti. Unageuka mtoro, na kesi ya uhamisho inakuwa kesi ya kufukuzwa. Kama hujapata zuio la mahakama, ripoti, halafu andika barua kwamba umeripoti lakini unapinga na haki yako ya kukata rufaa iko palepale. Rufaa za ndani zimalize kwanza, sehemu nyingi ukiziruka kesi inatupwa mlangoni, ila siku zihesabu maana muda wa kuomba mahakama ipitie uamuzi huwa mfupi na haukusubiri. Posho za uhamisho nazo dai kwa maandishi, usiambiwe utalipwa ukifika ukakubali kwa mdomo.

Huyu dada ana bahati moja. Siku aliyokataa kusaini aliandika dokezo akaeleza kwa nini, akalipitisha masjala, na nakala yake imegongwa muhuri wa kupokelewa, tarehe inasomeka vizuri kabisa, siku tisa kabla ya ile barua. Kesho asubuhi tunazipeleka zote mbili kwa wakili.