Siku yangu na msimu wa 1944: vijana wa Utah, mpira wa kikapu na vita

Saa 11 na nusu alfajiri

Chai ya tangawizi, chapati ya jana, koti zito, kisha mbio kituoni. Milima ya Wasatch bado ina theluji na treni ya mjini haimsubiri mtu. Nawaandikia wanaoniuliza kila mara kwamba huku Salt Lake City nafanya kazi gani hasa. Leo ni siku nzuri ya kujibu, kwa sababu kazi ya leo nimeibeba moyoni wiki nzima.

Saa 2 asubuhi

Niko maktaba ya chuo, kitengo cha magazeti ya zamani. Kurasa zinaskaniwa, nami nazikagua moja moja: picha iko sawa au imepinda, maandishi yanasomeka au yamefifia, kichwa cha habari kimeingizwa vizuri kwenye mfumo au la. Jina likiingizwa vibaya, mjukuu atamtafuta babu yake miaka na miaka asimpate.

Wiki hii kuna la ziada. Tunaandaa maonyesho madogo kuhusu timu ya mpira wa kikapu ya University of Utah iliyotwaa ubingwa wa vyuo wa NCAA mwaka 1944, vita kuu ya pili ikiwa imepamba moto. Nimepewa picha moja niiandikie maelezo. Maneno 80, yawe yamefika kwa mkuu wangu kabla ya saa 11 jioni.

Nafungua kurasa za Januari 1944. Michezo imebanwa kwenye safu chache. Pembeni kuna majina ya vijana waliokufa au kupotea vitani, matangazo ya hati za mkopo wa vita, na habari za mgao wa petroli, mipira ya magari, hata viatu. Ukisoma hivyo unaelewa kwa nini wengi walisema msimu usiwepo kabisa. Jirani zetu wa Wyoming walikuwa mabingwa wa 1943, na msimu uliofuata hawakuwa na timu. Illinois nao, mwaka huohuo wa 1943, walikuwa na kikosi cha kutisha. Wachezaji watatu wa kikosi cha kwanza wakaitwa jeshini, na chuo kikaamua kutokwenda kwenye mashindano ya mwisho wa msimu.

Utah waliamua kucheza. Ligi ya ukanda wao ilikuwa imesimama. Ukumbi wao ulikuwa umechukuliwa na jeshi, askari wanalala pale palipokuwa uwanja wa mechi. Kocha Vadal Peterson akakusanya vijana wengi wao wa miaka 18 na 19, karibu wote wa hapahapa Utah, akawatafutia mahali pa kufanyia mazoezi na watu wa kucheza nao. Wapinzani wao wengi walikuwa timu za kambi za jeshi, yaani wanaume wazima, wengine walioshacheza vyuoni kabla ya vita. Nadhani hapo ndipo vijana hawa walipokomaa.

Saa 4 asubuhi

Nimefika Machi, na hapa nakiri kazi inakwenda polepole kwa sababu nasoma kila mstari.

Utah walialikwa kwenye mashindano mawili, NIT ya New York na NCAA. Wakati huo NIT ndiyo iliyokuwa na jina kubwa, wakachagua New York. Wakapanda treni, wakavuka nusu ya nchi, na mechi ya kwanza tu wakafungwa na Kentucky 46 kwa 38. Kwa kawaida safari ingeishia hapo.

Lakini Arkansas, waliokuwa waende NCAA, walikuwa wamepata msiba. Gari lao lilipata pancha usiku, na walipokuwa wakishughulikia tairi gari jingine likawagonga. Mtu mmoja wa chuo alifariki na wachezaji wawili wakaumia vibaya. Arkansas wakajitoa, na nafasi yao wakapewa Utah. Vijana waliulizwa kama wanataka kubaki New York wautembelee mji, au kurudi kwenye treni waende Kansas City wakajaribu tena. Wakachagua treni.

Kansas City waliwafunga Missouri 45 kwa 35, kisha Iowa State 40 kwa 31. Treni tena, New York tena. Fainali ilichezwa Madison Square Garden tarehe 28 Machi 1944, dhidi ya Dartmouth.

Dartmouth ya mwaka ule ieleweke vizuri. Jeshi la nchi kavu liliwakataza wanafunzi wake wa mafunzo kuchezea vyuo, lakini jeshi la majini liliwaruhusu. Kwa hiyo chuo chenye V-12, mpango wa jeshi la majini wa kufundisha maofisa vyuoni, kilijikuta kinapokea wachezaji hodari kutoka vyuo vingine. Dick McGuire alianza msimu akiwa St. John's, akaumaliza akiwa Dartmouth. Na McGuire huyohuyo ndiye aliyesawazisha sekunde za mwisho, 36 kwa 36, mechi ikaingia dakika za nyongeza.

Arnie Ferrin wa Utah, mwanafunzi wa mwaka wa kwanza, alifunga pointi 22 usiku ule, zaidi ya nusu ya pointi zote za timu yake. Lakini ya mwisho haikuwa yake. Zikiwa zimebaki sekunde chache, Herb Wilkinson alirusha kutoka mbali na mpira ukaingia. Utah 42, Dartmouth 40. Siku mbili baadaye wakacheza na St. John's, mabingwa wa NIT, mechi ya kuchangia Msalaba Mwekundu. Wakashinda 43 kwa 36.

Saa 6 mchana

Nakula wali na maharage nikiwa na picha yangu mezani. Vijana wamesimama kwa mstari, kaptura fupi za enzi zile, nywele zimechanwa kwa maji. Mmoja kichwa chake kinaishia mabegani mwa wenzake. Huyo ni Wat Misaka, mtoto wa Ogden, kilomita 60 hivi kaskazini mwa hapa, sentimita 170 tu kwa urefu. Wazazi wake walitoka Japani. Baba alikuwa kinyozi. Alifariki Wat akiwa na miaka 15, na mama akaendelea na duka lile la kunyolea ili kulea watoto.

Marekani ilikuwa inapigana na Japani. Februari 1942 Rais Roosevelt alitia saini amri namba 9066, na Wajapani wa pwani ya magharibi, pamoja na watoto wao waliozaliwa Marekani na kuwa raia kamili, wakatolewa majumbani na kufungiwa kambini. Familia ya Misaka haikuguswa kwa sababu Utah haikuwa ndani ya ukanda uliotajwa. Lakini zaidi ya kilomita 200 kusini-magharibi mwa Salt Lake City, jangwani karibu na mji wa Delta, kambi ya Topaz ilifunguliwa Septemba 1942. Ilijaa watu wapatao 8,000, wengi wa San Francisco na miji ya jirani, ambao kabla ya kuletwa walikuwa wamelazwa kwenye mazizi ya farasi ya uwanja wa mbio wa Tanforan. Aprili 1943 mlinzi alimpiga risasi mzee James Wakasa karibu na seng'enge, akafa palepale.

Mimi nimekulia kambi ya wakimbizi ya Nyarugusu, Kasulu, Tanzania. Wazazi wangu walivuka Ziwa Tanganyika kutoka Kongo nikiwa mgongoni. Haikuwa Topaz, nasi hatukuletwa kwa mtutu wa bunduki, lakini kutoka kambini bila kibali lilikuwa kosa na hilo kila mtoto alilijua. Ndiyo maana nikimtazama Misaka siwezi kuona mpira peke yake. Namwona kijana anayeshangiliwa New York wakati watu wa sura yake, jimbo lilelile, wanapanga foleni ya chakula ndani ya uzio.

Saa 8 mchana

Wanafunzi wa sekondari wamekuja kutembelea kitengo. Nimewafungulia kurasa mbili kwenye skrini: kushoto gazeti la mjini, kulia Topaz Times, gazeti la wakazi wa kambi wenyewe. Kambini nako kulikuwa na shule na timu, na vijana walicheza.

Binti mmoja aliuliza, "Sasa kwa nini huyu aliruhusiwa na wale hawakuruhusiwa?"

Nikamwambia ukweli: mahali walipokuwa wanaishi. Hakuna kingine. Akanyamaza, kisha akauliza kama wale wa Topaz walikuwa wamefanya kosa. Hapana, mwanangu. Hawakufanya.

Saa 10 na nusu

Nimepeleka maelezo yangu. Mkuu wangu, mama mwenye busara, akasoma, akauliza Topaz inahusu nini kwenye picha ya mpira. Nikamweleza kwamba hadithi hii husimuliwa kama ya bahati tupu: walifungwa, wakaitwa tena, wakawa mabingwa. Ni hadithi tamu, nami naipenda. Ila ukiitoa Topaz humwelezi Misaka hata kidogo. Huelezi kwamba aliporudi na ubingwa barua ya kuitwa jeshini ilimkuta, akavaa sare za nchi iliyowafungia wenzake, akapelekwa Japani, akahoji watu wa Hiroshima walionusurika bomu. Tumebishana kwa heshima. Topaz imebaki, nimepunguza maneno ya fainali.

Saa 1 usiku

Mtoto wa kaka yangu anacheza timu ya shule. Nimemfuata mazoezini, na njiani akataka nimsimulie yote. Alipofurahi zaidi ni niliposema Misaka alirudi chuoni mwaka 1946, na kwamba Machi 1947 Utah walikutana na Kentucky tena, fainali ya NIT, palepale Madison Square Garden. Kazi ya Misaka ilikuwa kumkaba Ralph Beard, mmoja wa wachezaji bora nchini. Beard alipata pointi moja mechi nzima. Utah 49, Kentucky 45.

"Halafu?"

Halafu New York Knicks, timu ya kulipwa, wakamchukua, wa kwanza asiye mzungu kwenye ligi ambayo leo ni NBA. Akacheza mechi tatu, akaachwa, akarudi Utah, akawa mhandisi. Alifariki mwaka 2019 akiwa na miaka 95.

"Mechi tatu tu, shangazi? Baada ya kumzima Beard?"

Tatu tu. Amekasirika kwelikweli, na mimi sikumtuliza. Kesho saa 2 naanza kurasa za 1947. Nimemwahidi nitamletea ukurasa wa mechi ile ya Kentucky, aibandike ukutani.