Sasha wa Tolstoy na vifaranga wangu wa Kibosho

Wiki iliyopita umeme ulikatika saa sita usiku, na mimi nina vifaranga mia mbili wenye siku nne. Nikawasha jiko la mkaa, nikavuta kigoda, nikakaa nao bandani. Hapo hulali. Wakisikia baridi wanarundikana kona moja, wa chini wanakufa kwa kukosa pumzi. Ili usingizi usinishinde nikafungua simu, nikajikuta nasoma habari za Alexandra Tolstaya, binti wa mwisho wa yule Mrusi Lev Tolstoy, mtunzi wa riwaya. Nyumbani walimwita Sasha.

Alizaliwa Juni 1884. Jioni ile baba yake aligombana na mama, akabeba mfuko wake akaondoka, kisha akarudi akiwa njiani kwa sababu mke alikuwa anakaribia kujifungua. Yaani mtoto anaingia, baba ana mguu mmoja nje.

Kilichonikamata ni kwamba Sasha alijifunza kupiga taipu ili awe karani wa baba yake. Hati ya mzee ilikuwa haisomeki, na kabla yake kazi ya kunakili ilikuwa ya mama. Mimi hilo nalijua. Marehemu baba alikuwa karani wa chama cha msingi cha kahawa, na alipostaafu watu walimjia awaandikie barua: za mipaka, za mahari, za kuomba kazi. Macho yalipomwishia, mimi kitinda mimba nikawa mkono wake. Alisimama mlangoni pa jikoni akitamka, mimi nagonga. Nikikosea alijua, kwa jinsi mashine ilivyonyamaza. "Umeharibu nini tena, mama?" Alikuwa ananiita mama, jina la bibi yangu ndilo langu.

Julai 1910 Tolstoy alitia saini wosia wake msituni, amekaa juu ya kisiki, mkewe asijue. Maandishi yote akamwachia Sasha, kwa nia kwamba yawe mali ya watu wote. Miezi mitatu baadaye akatoroka nyumbani kabla hakujapambazuka, mzee wa miaka 82. Sasha ndiye aliyemsaidia kufunga mizigo, kisha akamfuata. Nimonia ikamkamata mzee kwenye treni, akafia kwenye nyumba ya mkuu wa stesheni pale Astapovo. Mama Sofia, aliyemzalia watoto 13, hakuruhusiwa kuingia mpaka mume alipokuwa hajitambui. Hapo Sasha simsifu. Alikuwa upande wa baba mno.

Halafu fedha za kuchapisha maandishi yale akazitumia kununua ardhi ya Yasnaya Polyana, shamba la ukoo wao, kutoka kwa mama yake na kaka zake, akawagawia wakulima. Niliposoma hapo nikainuka kuongeza mkaa. Kwetu Uchagani kihamba, yaani shamba la ukoo, ni cha watoto wa kiume, na cha baba kilikwenda kwa kaka zangu bila mtu kuuliza. Mimi niliachiwa mashine ya taipu, sanduku la nakala za barua, na matetea sita. Ningepata ardhi ile ya Sasha nisingegawa hata hatua moja, nasema ukweli.

Vita Kuu ya Kwanza alikuwa nesi. Mwaka 1920 Wabolshevik, wakomunisti waliokuwa wametwaa utawala Urusi, wakamkamata kwa sababu watu waliowapinga walikutana nyumbani kwake. Yeye akasema kazi yake ilikuwa kuwachemshia chai tu. Chai hiyo ilimpa kifungo cha miaka mitatu, ingawa alitoka mapema. Akasimamia makumbusho ya baba yake, mwaka 1929 akaenda Japani, na 1931 akaingia Marekani.

Na Marekani alifanya nini? Alifuga kuku! Binti wa bwana mkubwa, umri umeshapita arobaini na tano, anafuga kuku Pennsylvania, kisha Connecticut. Wanaoandika habari zake wanalipita hili kwa sentensi moja, wakimbilie mwaka 1939 alipoanzisha taasisi ya kusaidia wakimbizi. Mimi nilitaka kujua alitumia nini sakafuni, maranda au majani makavu? Mdondo, ule ugonjwa wa kuku, ulimpitia? Kule theluji inaanguka. Nani alikesha na vifaranga wake? Alipopata uraia mwaka 1941 aliacha cheo cha ukoo wao. Naelewa. Ukishakwangua banda miaka kadhaa, cheo hicho unakiweka wapi? Alifariki 1979, ana miaka 95.

Umeme ulirudi saa kumi na moja na nusu. Walikufa wawili tu.

Asubuhi hiyohiyo kaka yangu mkubwa akapiga simu. Jirani amesogeza masale, ile mimea ya mpaka, mpaka umeingia kihambani kwetu hatua tatu, na barua ya zamani ya mpaka haionekani. Nakala ninayo, niliigonga mwenyewe. Nimemwambia aje Jumamosi kuichukua, na aje na hela ya trei mbili za mayai alizobeba Pasaka.