Mikono ya ziada shambani kwa mama

Mdogo wangu alipotupa jembe akaenda Jinja kuendesha bodaboda, mimi ndiye niliyemtetea kwa mama. (Sisi ni wa Busia, upande wa Uganda, mpakani ambako neno bodaboda lilizaliwa na baiskeli za kuvusha watu. Nani angeshangaa?) Nilikuwa chuoni mwaka wa pili na mwanauchumi Arthur Lewis amenijaa kichwani.

Lewis, mzaliwa wa kisiwa cha Saint Lucia huko Karibi, alisema wazo lilimjia ghafla mwaka 1952 akitembea barabarani Bangkok. Makala ikatoka 1954. Wazo lenyewe ni hili: mashambani watu wamezidi kazi. Wanne wanalima ekari ambazo watatu wangezimaliza, basi mmoja akienda kiwandani mavuno hayapungui. Kiwanda kinapata faida, kinapanuka, kinavuta wengine, hadi ziada iishe na mishahara ianze kupanda.

Mama alikuwa anachambua maharage. "Huyo mzee wako," akaniuliza, "alikwenda kwenye mashamba mwezi gani?"

Sikuwa na jibu. Januari angetukuta chini ya mwembe, kweli. Aprili je, mvua ikishakolea na magugu yanapita mahindi kwa kimo? Mwaka ule kona ya kuelekea mtoni ilimezwa na nyasi, hatukuvuna hata gunia.

Baadaye ndipo nikamsoma Theodore Schultz, mwanauchumi wa Marekani, ambaye alikuwa ameuliza swali la mama kwa takwimu. Alitazama India baada ya homa ya mafua ya 1918 na 1919: kama mikono ilikuwa ya ziada, vifo vile visingepunguza kilimo. Eneo lililopandwa lilipungua. Mwaka 1979 wakapewa Nobel ya uchumi pamoja, Lewis na Schultz, na mpaka leo hilo hunichekesha.

Lakini simtupi Lewis. Nilimtembelea mdogo wangu kwenye steji yake: pikipiki zimepangwa kwenye jua, abiria mmoja akitokea wanamrukia sita. Nikakumbuka kwamba katika makala ileile Lewis anawataja vijana wanaokukimbilia wakubebee mzigo, nao anawahesabu katika ziada. Ile ya kwetu haikwenda kiwandani. Ilihamia steji.

Msimu uliopita mama aliweka vibarua kwa pesa alizotuma mdogo wangu. Nilimwuliza mama kama zilitosha.

"Palizi ya kwanza, ndiyo," akasema. "Ya pili utakuja wewe."