Makaburi ya Waapache huko Fort Sill

Mwezi uliopita nilizuru makaburi ya wafungwa wa vita wa Kiapache, kabila la wenyeji asilia wa Amerika, yaliyomo ndani ya kambi ya jeshi ya Fort Sill, jimboni Oklahoma. Kaburi la Geronimo, kiongozi wao maarufu aliyepigana na jeshi la Marekani, ni piramidi ya mawe yenye sanamu ya tai kileleni, na ndilo kila mgeni hulipiga picha. Mimi nilikaa zaidi kwenye safu za mawe meupe ya wengine.

Mwaka 1876 serikali ya Marekani iliifuta hifadhi (eneo walilotengewa kuishi) ya Wachiricahua, tawi la Waapache, na kuwahamishia baadhi yao San Carlos, hifadhi nyingine huko Arizona, kwenye joto, vumbi na malaria, na ndiyo maana viongozi kama Victorio na Geronimo walitoroka huko. Mwaka 1886 askari wapatao 5,000 walilisaka kundi la Geronimo lisilofikia watu 40, wakiwemo wanawake na watoto, hadi aliposalimu amri Septemba 4.

Kinachoniudhi hasa (na sidhani kama kina utetezi) ni kwamba Wachiricahua waliokuwa wametulia hifadhini, pamoja na wapelelezi wa Kiapache waliolitumikia jeshi hilohilo, akiwemo Martine aliyepanda milimani kumshawishi Geronimo ajisalimishe, nao walisombwa kwa treni hadi Florida kama wafungwa. Baadaye walipelekwa Alabama, kisha Fort Sill mwaka 1894, huku watoto wao wengi wakichukuliwa kwenda shule ya bweni ya Carlisle, Pennsylvania. Waliachiwa baada ya miaka 27. Wengi walihamia Mescalero, New Mexico, na waliosalia wakapewa mashamba Oklahoma.