I-80: Unapopanga safari, anzia Wyoming

Barabara kuu ya I-80 huanzia San Francisco, California, na kuishia Teaneck, New Jersey, karibu kabisa na jiji la New York. Ni maili 2,900 hivi, yaani kilomita 4,660, katika majimbo 11. Kipande cha mwisho kilikamilika mwaka 1986 karibu na Salt Lake City.

Kwa dereva wa lori, urefu huo unahesabika. Sheria inakupa saa 11 za kuendesha ndani ya saa 14 tangu uanze kazi, kisha mapumziko ya saa 10 mfululizo. Maili 550 hadi 600 kwa siku zinawezekana, kwa hiyo siku tano zinatosha mambo yakienda sawa. Yasipoenda sawa, hasa kati ya Oktoba na Mei, mara nyingi ni kwa sababu ya maili 402 za Wyoming. Ndiyo maana kwanza jiulize utaingia Wyoming siku gani na saa ngapi, halafu panga kulala na kujaza mafuta kwingine kote kulingana na jibu hilo.

Pabaya zaidi ni kati ya Laramie na Rawlins, pale Arlington na chini ya Mlima Elk. Barabara ya zamani, US 30, huzunguka kaskazini kupitia Medicine Bow. Wajenzi wa I-80 walikata njia fupi ubavuni mwa mlima, ingawa wenyeji waliwaonya kuhusu upepo na theluji. Kipande hicho kilifunguliwa Oktoba 1970, na dhoruba ya kwanza ikakifunga kabla ya wiki kwisha. Safu ya Rockies imeshuka kusini mwa Wyoming, hivyo upepo wa magharibi hubanwa katika pengo hilo na kuongeza kasi.

Ubavu wa trela la futi 53 ni karibu mita za mraba 45. Likibeba pauni 40,000 linatulia barabarani. Likiwa tupu, dhoruba moja ya ubavuni inaweza kulilaza chini. Na kukiwa na barafu, upepo hauhitaji hata kulipindua: unalitelezesha tu hadi mtaroni. Kibao kikisema barabara imefungwa kwa magari marefu yenye uzito mdogo, na wewe huna mzigo, hapo unaambiwa wewe. Egesha. Kuna siku anga ni safi kabisa juu yako, lakini theluji iliyokwisha kuanguka inapeperushwa chini chini mpaka huoni boneti yako mwenyewe. Hapo ndipo magari hugongana kwa makumi.

Geti la kuzuia magari barabarani likifungwa, maegesho ya Laramie, Rawlins na Cheyenne hujaa upesi. Kwa hiyo uamuzi wa kusimama ufanywe mapema: Salt Lake City au Evanston ukitoka magharibi, North Platte au Sidney ukitoka mashariki. Piga 511, nambari ya taarifa za hali ya barabara, kabla ya kuondoka na kila unaposimama. Na usitegemee saa mbili za nyongeza zinazoruhusiwa hali ya hewa ikiharibika. Hizo ni kwa hali ambayo hukuweza kuijua kabla ya kuanza safari. Kama taarifa ilishatolewa asubuhi, huna haki nazo.

Upande wa California kuna Donner, mita 2,206 juu ya usawa wa bahari. Hapo adha ni minyororo ya tairi. Itandaze juu ya tairi, kulabu zikielekea nje ili ncha zake zisichome mpira. Funga upande wa ndani kwanza, kisha wa nje, kaza kwa ufunguo wake, halafu vuta kwa kamba za mpira. Endesha kidogo, simama, kaza tena. Wengi huruka hatua hii ya mwisho, na mnyororo uliolegea hupiga matope-gadi na kukata mipira ya hewa ya breki. Kikomo cha mwendo ukiwa na minyororo hapo ni maili 25 au 30 kwa saa. Ukifika kwenye lami kavu, uvue mara moja, lami huukata.

Kuteremka kutoka Donner kuelekea Sacramento ni kurefu. Shusha gia ukiwa bado juu, acha breki ya injini ifanye kazi. Ukihitaji breki ya mguu, kanyaga imara mpaka mwendo upungue kwa maili 5 chini ya ule uliouchagua, achia kabisa, urudie. Kuigusagusa njia nzima huchemsha ngoma za breki, nazo zikipanuka breki haishiki tena. Penye barafu, zima breki ya injini: hufunga magurudumu ya kuvuta na trela likaanza kukupita.

Dizeli ya Sacramento si ya baridi ya Wyoming. Nta iliyomo huganda na kuziba chujio. Dawa ya kuzuia hutiwa kabla ya kujaza, mafuta yakiwa bado na joto; yakishaganda haisaidii.

Uzito wa juu unaoruhusiwa kwa lori na mzigo wake ni pauni 80,000, na 34,000 kwa kila jozi ya ekseli. Ukielekea California kumbuka kuwa kutoka pini ya trela (inayoliunganisha na kichwa cha lori) hadi ekseli ya nyuma kabisa hakuruhusiwi kuzidi futi 40. Utalazimika kusogeza ekseli za trela mbele, na kila tundu unalosogeza kwenye reli ya trela huhamishia kwenye ekseli hizo pauni 250 hadi 400. Mzigo uliorundikwa nyuma utakunyima nafasi hiyo, kwa hiyo pima kwenye mizani ya kituo cha malori siku ile ile uliyopakia.

Tozo nyingi utazikuta kuanzia Lake Station, Indiana, hadi karibu na Youngstown, Ohio. Pennsylvania, maili 311, barabara ni bure. Lala huko, maana New Jersey maegesho ya malori ni machache na hujaa mapema jioni.