Neema, Jina Lililopita Njia Ndefu

Wapendwa wa shirika letu, Tumsifu Yesu Kristu.

Mnisamehe, wiki hii sitafuata Injili ya Dominika kama tulivyozoea. Alhamisi jioni wengi wenu mlikuwepo kwa ile familia inayojiandaa kumbatiza binti yao, na mnajua sala ilivyoishia. Rozari ilikwenda vizuri. Kisha mama wa mtoto akatuambia jina alilochagua ni Neema. Babu wa mtoto, ambaye jioni yote alikuwa ametulia kwenye kiti chake karibu na mbabula, lile jiko la makaa, akagonga fimbo chini.

"Hapana. Ile ni jina ya Waarabu. Na Waarabu balifunga bakubwa betu ku minyororo."

Hata watoto waliokuwa wakigongagonga mabidoni ya maji uani walinyamaza.

Tulipotoka, njiani, tulicheka. Mimi nilicheka kuliko wote, maana nina mabinti wawili wa dada yangu wanaoitwa hivyo na kila mtaa hapa Goma ukiita "Neema!" wanageuka watatu. Lakini nilipolala nikaona nimemkosea Mzee. Mwaka 1972 alikuwa kijana, siku Mobutu alipoamuru watu waache majina ya Kikristo. Kardinali Malula wa Kinshasa alipopinga, alijikuta akiishi Roma kwa muda. Mzee hakuwa kardinali, kwa hiyo aliliweka jina lake la ubatizo kando na kunyamaza. Alilirudia baadaye, lakini hata leo ukimwuliza jina ofisini anasita kidogo kabla ya kujibu. Mtu aliyewahi kunyang'anywa jina hawezi kulichukua jina kama mchezo. Basi nikaamua swali lake nilifuatilie, na nilichokipata ndicho ninachowaletea.

Jumamosi asubuhi niliteremka mtaa wa Birere kwa jirani yangu wa zamani, yule Mwislamu anayeuza vitenge, ambaye sote tunamwita Hajati. Ukoo wake ni wa Kasongo kule Maniema, na amesoma chuo cha Kurani tangu utoto. Nilimwuliza: Neema ni nini kwenu? Akachukua kipande cha makaa, akapindua boksi tupu la sabuni, akaandika herufi tatu: nun, ain, mim.

Waarabu, aliniambia, neno lao lina mzizi wa herufi, mara nyingi tatu, na katika mzizi huo wanatoa ukoo mzima, kama mgomba unavyozungukwa na machipukizi yake. Katika nun, ain na mim unapata ni'ma, yaani kitu chema ulichopewa bila kukilipia, na ndilo neno letu neema. Unapata na'im, raha isiyo na mwisho, ambalo pia ni jina mojawapo la Pepo. Unapata na'am, yaani ndiyo. Wasichana wao wanaitwa Ni'ma, Naima, Inam. Naima utaisikia sana kwa watu wa Moroko na Aljeria. Wavulana wanaitwa Nuumani, au Abdulmun'im, mtumishi wa yule anayeneemesha.

"Na ng'ombe pia," akasema.

Nilidhani ananitania. Hapana. An'am ni mifugo: ngamia, ng'ombe, kondoo na mbuzi, na sura ya sita ya Kurani ina jina hilohilo. Kwa watu wa jangwani, raha ilikuwa na miguu minne. Sisi tulio na ndugu zetu wafugaji wa Masisi hatuhitaji kuelezwa sana. Tumeona uso wa mtu anayetazama kundi lake likipanda kilima asubuhi, na tumeona pia uso wa mtu huyohuyo akiingia Goma kwa miguu, kundi limebaki nyuma mikononi mwa wengine.

Neno lililonishika zaidi ni lingine. Hajati alivuta kitenge kutoka rafuni, kile kizuri cha bei, akanipa nikishike. "Nguo kama hii Mwarabu anaiita naa'im. Laini." Mzizi uleule. Ndani ya neema kuna ulaini.

Nilirudi nyumbani nikitembea juu ya mawe meusi, na mnajua viatu vinavyokwisha katika mji huu. Goma haina kitu laini. Tumejenga juu ya moto uliopoa wa volkeno ya Nyiragongo: ule wa Januari 2002 ulioshuka katikati ya mji na kuchukua hata kanisa kuu la Mtakatifu Yosefu, kisha ule wa tarehe 22 Mei 2021 uliosimama pembezoni. Ukitaka kuchimba choo unatafuta vijana wenye nyundo na subira. Ukitaka kuzika, ni shida hiyohiyo. Na bado ni katika mji huuhuu tunawaita mabinti zetu jina lenye maana ya ulaini ndani yake, mmoja baada ya mwingine, kana kwamba hatuoni tunapokanyaga. Sidhani kwamba hatuoni. Nadhani mwanamke anayeishi juu ya jiwe anajua ulaini ni zawadi kuliko yule aliyezaliwa juu ya zulia.

Hajati alinifundisha pia kulitamka neno kama wao. Ile ain hutoka kooni, chini kabisa. Nilijaribu mara tatu. Mteja mmoja akaingia dukani kuona ni nani anayekabwa. Watu wa pwani, walipolipokea neno, waliiacha ile sauti, na mahali pake pakabaki irabu mbili. Ne-e-ma. Lisemeni polepole, mtasikia pale katikati kuna pengo dogo.

Sasa nirudi kwa Babu, maana hoja yake ilikuwa mbili. Ya kwanza, kwamba jina si la Kikristo. Hii ni nyepesi. Wakristo Waarabu wapo, tena wa kale kuliko sisi. Katika Rozari yao, mahali tunaposema "Salamu Maria, umejaa neema", wao husema "ya mumtali'atan ni'ma", na neno la mwisho mnalisikia wenyewe. Mtume Paulo alipoomba mwiba uondolewe akajibiwa "Neema yangu yakutosha", katika Biblia ya Kiarabu jibu hilo pia ni ni'ma. Na kama Babu anataka mtakatifu wa kumsimamia mtoto, yupo: Nimatullah Al-Hardini, mmonaki wa Kimaroni wa Lebanoni, aliyefariki mwaka 1858 na kutangazwa mtakatifu na Papa Yohane Paulo wa Pili mwaka 2004. Jina lake maana yake ni Neema ya Mungu. Ni mwanamume, najua. Mbona akina mama wengi hapa wana majina ya akina Yosefu na Petro yaliyogeuzwa mkia tu, na hakuna anayelalamika?

Hoja ya pili ni nzito, na sitaki tuiruke. Babu alisema minyororo, na hakusema uongo. Kiswahili kilifika upande wetu huu katika karne ya kumi na tisa pamoja na misafara ya pembe za ndovu na watumwa. Nyangwe na Kasongo zilikuwa vituo vyake. Hamed bin Muhammed, ambaye wazee walimwita Tippu Tip, alikuwa na nguvu kiasi kwamba mwaka 1887 Dola ya Mfalme Leopold ilimfanya liwali wa Stanley Falls. Barabara iliyoleta neno neema ndiyo barabara waliyopita watu wamefungwa shingo kwa shingo. Inawezekana mtu aliyeletea nchi hii neno hilo mara ya kwanza alikuwa ameshika kamba mkono wa pili.

Nilimwambia Hajati maneno ya Babu. Niliogopa kidogo. Aliweka kile kitenge chini, akasema taratibu: "Mama, mimi pia ni mjukuu wa waliofungwa. Unafikiri sisi wote wa Kasongo tulikuja na meli?" Sikuwa nimewahi kulifikiria hilo, miaka yote hii ya kununua vitenge kwake kwa mkopo.

Nimeibeba sentensi hiyo tangu Jumamosi. Waliofungwa walilichukua neno kutoka kinywani mwa waliowafunga, wakaliweka juu ya vichwa vya watoto wao. Si hilo tu. Babu mwenyewe, Alhamisi ileile, kabla ya kugonga fimbo, alisali kwa dakika arobaini kwa maneno yaliyopita barabara ile: sala, salamu, dhambi, baraka, sadaka. Tukiyang'oa yote, Rozari yetu itabaki na matundu kama chujio. Mimi siamini kwamba Mungu alitaka minyororo ili tupate maneno, na yeyote atakayehubiri hivyo nitainuka na kutoka. Ninaloamini ni dogo zaidi: kwamba Mungu alipotaka kusema nasi hakungoja barabara isafishwe kwanza.

Yohane anaandika kwamba katika utimilifu wake sisi sote tulipokea, "na neema juu ya neema". Neno lake ni tulipokea. Nikiangalia, hata neno lenyewe la kuitaja neema tulilipokea. Hatukulitunga sisi, na mkono uliolipitisha hatukuuchagua.

Ndugu, kuna mwanamke katika Maandiko anayeitwa kwa mzizi huu, nami sikulijua hilo mpaka juzi. Kiebrania na Kiarabu ni watoto wa tumbo moja, na zile herufi tatu zipo pande zote mbili. Naomi, mama mkwe wa Ruthu, ndiye Neema yao: mtamu, apendezaye. Naye mnajua maisha yake. Njaa iliwatoa Bethlehemu wakakimbilia Moabu, na kule akazika mume, kisha wana wawili. Anaporudi na mkwewe mmoja, wanawake wa mji wanamtazama na kuulizana, "Huyu ni Naomi?" Anawajibu: "Msiniite Naomi, niiteni Mara." Mara ni uchungu.

Hapa Kivu akina Mara tunao tele. Tuna Mateso, tuna Machozi, tuna Shida, watoto waliozaliwa njiani au katika mahema, wakapewa jina la siku ile wakabaki nalo. Hajati aliniambia kwamba Mtume wao alikuwa akiwabadilishia watu majina mabaya. Binti mmoja aliyeitwa Asiya, kwa ain, yaani muasi, alimwita Jamila, mzuri. Sisemi tuwabadilishie akina Mateso majina. Wengine wanayapenda, na wana haki, maana mateso waliyoyataja yalikuwa ya kweli. Biblia nayo haimkemei Naomi. Inachofanya ni kuendelea kumwita Naomi. Someni kitabu chote, sura nne tu: baada ya yeye kukataa jina lake, mwandishi halitumii Mara hata mara moja. Na wanawake wa Bethlehemu vilevile. Yeye anasema msiniite, wao wanaita.

Kisha mwishoni Ruthu anazaa mtoto, na katika sura ya nne, aya ya kumi na saba, kuna jambo nililolisoma miaka yote bila kuliona. Jina la yule mtoto halikutolewa na baba, wala na babu, wala na mama. Ni "wanawake jirani zake" waliompa jina, wakamwita Obedi. Yule Obedi ni babu yake Daudi. Jina lililoingia katika ukoo wa Masiya lilitoka kwa majirani waliosimama mlangoni.

Jumamosi jioni nilipita kwa Babu, nikamweleza yote haya, tena kwa utaratibu mbaya, nikianza na ng'ombe. Alisikiliza huku amefumba macho. Nilipofika kwa Hajati na waliofungwa, alifumbua.

"Alisema vile?"

"Ndiyo, Babu."

Akanyamaza kwa muda mrefu. Kisha akaniomba nimwandikie pa karatasi jina la yule mtakatifu wa Lebanoni, kwa herufi kubwa. Akaikunja karatasi mara nne na kuitia katika kifuko cha rozari yake. Hakusema ndiyo, hakusema hapana. Lakini nilipoaga, mtoto alikuwa amepakatwa magotini mwake, na nilimsikia akijaribu jina hilo kwa sauti ya chini, mara ya kwanza haraka, mara ya pili akivuta pale katikati.

Nimesahau kitu kimoja. Siku ile dukani, kabla sijaondoka, Hajati alinimiminia maji ya baridi kwenye kikombe. Nilipokunywa akasema, bila kutabasamu, kwamba hata hayo tutaulizwa. Katika Kurani kuna aya isemayo kwamba siku ya hukumu watu wataulizwa juu ya na'im, na Mtume wao aliisema juu ya mlo wa tende, nyama na maji aliokula kwa rafiki yake siku ya njaa. Nilitazama ndani ya kikombe. Maji ya ziwa, ya bidoni, yaliyobebwa na mtoto wa mtu kupanda kutoka Kivu.

Ubatizo ni Dominika ijayo, baada ya misa ya pili. Bomba la mtaa halijatoa tone tangu Jumanne, kwa hiyo kila atakayeweza alete bidoni moja nyumbani kwa familia kwa ajili ya kupikia wageni. Hajati ameuliza kama anaweza kuja. Nimemwambia aje, na tayari ameahidi mabidoni mawili.